Wapigaji Wawili au Watatu? Sonata ya Bach na Istilahi ya Besi Mfululizo

Hivi karibuni tulialikwa kusikiliza muziki katika ukumbi mmoja wa hapa mjini. Karatasi ya maelezo iliyogawiwa mlangoni ilikuwa imeandikwa kwa Kiswahili, jambo ambalo lilitufurahisha sana, na katika orodha ya tungo za jioni hiyo tulisoma maneno haya: "Sonata ya zumari ikisindikizwa na kinanda, J. S. Bach." Wakati ulipowadia walitoka jukwaani watu watatu. Wa kwanza alishika filimbi ya madini, wa pili aliketi mbele ya kinanda cha umeme, na wa tatu aliweka chelo baina ya magoti yake. Zumari haikuwapo. Jirani yetu, ambaye ni mwalimu wa shule ya sekondari, aliigeuza karatasi nyuma na mbele akimtafuta yule mtu wa tatu asimwone. Kwa kuwa aliijua kazi yetu, alituinamia akauliza: "Ndugu, huyu wa chelo ni nani, na mbona hakuandikwa?"

Hatukuwa na jibu la haraka. Mpigaji chelo yule alipiga tangu mwanzo wa sonata hadi mwisho wake, wala hakuna aliyefanya kazi kwa muda mrefu kuliko yeye. Hata hivyo, kwa mujibu wa karatasi, hakuwapo. Baadaye tulimwona mfasiri wa karatasi hiyo, tukatambua kuwa kosa halikutokana na uzembe. Mbele yake palikuwa na maneno ya Kitaliano *basso continuo*. Alitafuta maana yake, akaambiwa kuwa ni namna ya kinanda kusindikiza ala nyingine, naye akaandika alivyoambiwa. Istilahi ndiyo iliyomfuta mtu wa tatu.

Katika makala haya tunakusudia kuichambua sonata hiyo pamoja na jina lake. Ni maoni yetu kuwa istilahi ya jambo la namna hii haiwezi kupatikana kwa kufasiri neno kwa neno juu ya meza. Yapasa kwanza kuusikiliza utungo wenyewe na kuuliza nani anafanya nini ndani yake.

Utungo wenyewe

Johann Sebastian Bach alizaliwa Ujerumani mwaka 1685 na kufariki mwaka 1750. Sonata tunayoizungumzia ni ile iliyo katika ufunguo wa E maina, nayo hutambulishwa kwa alama BWV 1034. Wafasiri wetu wajihadhari na alama hiyo. Herufi hizo tatu zinatokana na jina la Kijerumani la orodha ya tungo za Bach iliyotayarishwa na Wolfgang Schmieder na kuchapishwa mwaka 1950. Orodha hiyo hupanga tungo kwa aina zake, si kwa miaka ya kutungwa kwake. Kwa hiyo tarakimu 1034 si mwaka, wala haimaanishi kwamba utungo huu ulitanguliwa na mingine 1033.

Nakala iliyoandikwa kwa mkono wa mtunzi mwenyewe haikusalia. Sonata imetufikia kupitia nakala za watu wengine, na mojawapo ya zile za mapema ni ya Johann Peter Kellner. Wataalamu wengi hukadiria kuwa ilitungwa yapata mwaka 1724 katika mji wa Leipzig, ambako Bach alihamia mwaka 1723. Ni wakati ule ule alipokuwa akiandika sehemu ngumu za filimbi katika kantata zake za kanisani. Ina sehemu nne zinazopokezana mwendo, yaani ya polepole, ya kasi, ya polepole tena, na ya kasi tena.

Anayeifungua nakala yake kwa mara ya kwanza hukuta jambo la kushangaza. Katika kila ukurasa nota zimepangwa kwa safu mbili tu. Safu ya juu ni ya filimbi na ya chini ni ya besi. Pamoja na nota za besi zimeandikwa tarakimu ndogo, kama vile 6, 7, au 4 na 2. Mpigaji kinanda hupiga besi hiyo kwa mkono wa kushoto, na mpigaji chelo huipiga hiyo hiyo pamoja naye. Mkono wa kulia wa mpigaji kinanda haukuandikiwa nota hata moja. Yeye huzisoma tarakimu na kuzigeuza kuwa sauti papo hapo. Tarakimu 6, mathalan, humwambia kuwa juu ya nota ya besi aongeze ile ya tatu na ile ya sita, zilie pamoja. Pasipo na tarakimu, kwa kawaida huongeza ya tatu na ya tano.

Wasomaji wetu walio katika ofisi za serikali watakumbuka hatimkato. Katibu mukhtasi aliandika alama chache kwa upesi, kisha akazifumua zikawa barua kamili. Tarakimu za besi zinafanana na hatimkato kwa kuwa ni ufupisho unaosomwa na aliyefunzwa. Lakini kuna tofauti kubwa. Makatibu wawili wakifumua hatimkato moja watapata barua moja. Wapigaji wawili wakizifumua tarakimu za Bach watapata nota zinazotofautiana, mmoja akiweka nyingi na mwingine chache, mmoja juu na mwingine chini, na wote wawili wakawa sawa. Katika karne ya 17 na nusu ya kwanza ya karne ya 18, kipindi ambacho watu wa baadaye walikiita cha Kibaroko, ufundi huu ulitazamiwa kwa kila mpigaji kinanda aliyestahili kuitwa hivyo. Mtunzi hakuacha nafasi tupu kwa uvivu. Aliiacha kwa kumwamini mwenzake.

Je, besi husindikiza?

Sasa na tulitazame neno *kusindikiza*, ambalo limezoeleka sana katika magazeti na redio zetu. Husemwa kuwa mwimbaji fulani "alisindikizwa na bendi". Hatuna ugomvi na matumizi hayo mahali pake. Lakini kusindikiza ni desturi tunayoijua sote. Mgeni akiaga, mwenyeji hutoka naye, wakaenda pamoja hadi njia panda au kituo cha basi, kisha mwenyeji akarudi nyumbani na mgeni akaendelea na safari yake. Safari ni ya mgeni, na msindikizaji hurudi njiani. Akikusindikiza hadi mwisho wa safari, huyo si msindikizaji tena bali ni msafiri mwenzako.

Tuipime sonata kwa kipimo hicho. Katika sehemu ya pili, ambayo ni ya kasi, filimbi hutawanya nota kwa wepesi mkubwa. Hurukaruka kati ya sauti za juu na za chini hata sikio likadhani filimbi ni mbili zinazojibizana. Nafasi za mpigaji kuvuta pumzi ni haba sana. Kila anapolazimika kupumua, utungo haukatiki, kwa sababu besi inaendelea kushika njia. Anaposhusha filimbi kidogo, yule anayedhaniwa kuwa msindikizaji ndiye anayesonga mbele, na yule anayedhaniwa kuwa mgeni ndiye anayelazimika kumwahi. Jioni ile tulimtazama mpiga filimbi mahali hapo. Macho yake yalikuwa kwenye mkono wa mpigaji chelo, si kwenye karatasi.

Ushahidi wa pili uko katika sehemu ya tatu, iliyo katika ufunguo wa G meja. Hapa besi huanza peke yake. Filimbi hungoja, na sisi tunangoja nayo, mpaka besi imekwisha kusema neno lake. Ndipo filimbi huingia kwa wimbo mrefu wa utulivu, na chini yake kile kifungu cha besi tulichokwisha kukizoea hurudi tena na tena, pengine kikihamishiwa ufunguo mwingine. Msindikizaji hawezi kutoka nyumbani kabla ya mgeni. Kwa maoni yetu hii ndiyo sehemu bora ya sonata nzima, na ubora wake umo katika ukarimu huo. Wimbo wa filimbi ni mzuri, lakini unatugusa kwa sababu tulikwisha kuonyeshwa ardhi utakayoikanyaga.

Watu wa zama zile wenyewe waliujua uzito wa jambo hili. Johann Joachim Quantz, mwalimu wa filimbi wa Mfalme Frederick wa Pili wa Prussia, alichapisha mwaka 1752 kitabu cha kufundisha upigaji wa filimbi. Ndani ya kitabu hicho aliweka sura ndefu juu ya wajibu wa wale wanaopiga pamoja na mpigaji mkuu, akiwamo mpigaji chelo na mpigaji kinanda. Carl Philipp Emanuel Bach, mwana wa Johann Sebastian, aliyekuwa mpigaji kinanda wa mfalme huyo huyo, alichapisha mwaka 1762 juzuu ya pili ya kitabu chake cha upigaji kinanda, na sehemu kubwa yake inahusu ufundi huu wa besi. Kazi inayohitaji juzuu nzima si kazi ya kumtoa mgeni mlangoni.

Je, besi ni msingi tu?

Pendekezo la pili tulilowahi kulisikia ni *besi msingi*. Lina nguvu kuliko la kwanza, kwani ni kweli kuwa upatanifu wote wa sauti hujengwa kutoka chini kwenda juu. Lakini msingi wa nyumba umefukiwa, umetulia, nao ukionekana ukitembea wenye nyumba hukimbia. Besi ya sonata hii hutembea. Katika sehemu ya kwanza hupiga hatua zake kwa utulivu huku filimbi ikipanda na kushuka juu yake. Katika sehemu ya tatu mwendo huo ndio kiini cha utungo. Zaidi ya hayo, kila wimbo wa kwaya una sauti ya chini iliyo msingi wa nyingine, ile ambayo wanakwaya wetu huiita sauti ya nne. Neno *msingi* halitutofautishii sauti ya nne ya kwaya, ambayo nota zake zote zimeandikwa na waimbaji wake wanajulikana, na besi hii yenye tarakimu inayopigwa na watu wawili kutoka katika safu moja.

Pendekezo la tatu ni *besi endelevu*. Kwa maana ya asili halina kosa, maana neno la Kitaliano *continuo* ni "isiyokatika". Lakini neno *endelevu* limekwisha kuajiriwa. Msomaji wa leo akiliona hufikiri habari za misitu, maji na maendeleo, na si haki kumtaka asahau yote hayo kwa ajili ya safu moja ya nota.

Sisi tunapendekeza *besi mfululizo*. Tunaposema kuwa mvua ilinyesha siku tatu mfululizo, hatumaanishi kuwa hakuna hata nukta moja iliyopita bila tone. Tunamaanisha kuwa mvua ndiyo iliyoziunganisha siku hizo tatu zikawa jambo moja. Ndivyo ilivyo besi hii. Inaweza kutua kwa nukta moja mahali fulani, lakini ndiyo uzi unaopita katika shanga zote. Na badala ya kusema kuwa wapigaji wake wanamsindikiza mpiga filimbi, tunapendekeza kitenzi *kuandamana*, ambacho umbo lake lenyewe linadai pande mbili zinazokwenda pamoja. Wasiopenda wazo la kuandama, kwa kulidhania kuwa la unyonge, wakumbuke kuwa katika ofisi zetu afisa mwandamizi si yule anayetembea nyuma.

Huenda msomaji akauliza: kwa nini tusiyachukue maneno ya Kitaliano kama yalivyo, kama tulivyochukua *sonata*? Jibu letu ni kwamba hatukopi wala hatukatai kukopa kwa ubishi. *Sonata* ni jina la aina ya utungo. Asili yake ni kitenzi cha Kitaliano chenye maana ya kupiga ala, kama vile *kantata* inavyotokana na kitenzi cha kuimba, na kulifasiri kungezaa mkanganyiko. *Chelo* ni jina la chombo. Lakini *basso continuo* ni jina linaloeleza kazi, na mwanafunzi anastahili kuielewa kazi hiyo kwa kulisikia tu jina lake.

Makosa mengine ya karatasi ile

Filimbi iliitwa zumari. Makosa haya ni ya mara kwa mara, nayo si madogo. Zumari hulizwa kwa vipande vyembamba vya tete vinavyotiwa mdomoni na kutetemeshwa kwa pumzi. Filimbi ya Bach haina tete. Hewa hupulizwa juu ya ukingo wa tundu, na ukingo huo huigawa. Kwa hiyo jamaa yake wa karibu katika muziki wetu si zumari bali ni nai ya taarab, ijapokuwa nai hupulizwa mwishoni mwake na kuelekezwa chini, na filimbi hii hulazwa upande wa kulia wa mpigaji. Neno *filimbi* peke yake humletea mtu picha ya mwamuzi wa mpira, ndiyo maana tunapendekeza *filimbi ya mlalo*. Ifahamike pia kuwa ile ya zama za Bach ilitengenezwa hasa kwa mbao, ikiwa na matundu sita ya vidole na kibonyezo kimoja tu. Filimbi ya madini tuliyoiona jukwaani inatokana na mageuzi ya Theobald Boehm ya mwaka 1847. Katika filimbi ya mbao baadhi ya nota hutoka hafifu kwa sababu ya namna vidole vinavyopangwa, na watunzi walilijua hilo walipochagua ufunguo. E maina ni mmojawapo wa funguo zinazoikubali vyema filimbi hiyo.

Maelekezo ya mwendo nayo yalipotoshwa. Sehemu ya kwanza ina maneno *Adagio ma non tanto*, yaani "polepole, lakini si sana". Karatasi iliandika "polepole sana". Kiambishi kidogo cha kukanusha kilipotea, na agizo la mtunzi likageuzwa kuwa kinyume chake. Sehemu ya tatu, *Andante*, iliandikwa "wastani". Neno hilo linatokana na kitenzi cha Kitaliano cha kwenda. Kwa sehemu ambayo uzuri wake wote umo katika kwenda kwa besi, "kwa mwendo wa kutembea" lingekuwa tamko sahihi zaidi.

Kuhusu upigaji wenyewe tutasema machache. Katika sehemu ya pili mpigaji kinanda alizijaza tarakimu kwa sauti nzito mno, hata nota za chini za filimbi zikamezwa. Labda naye alikuwa amesoma kuwa kazi yake ni "kinanda". Lakini katika sehemu ya tatu alibadilika. Alipunguza sauti zake zikawa mbili au tatu kwa pamoja, akaiacha chelo isikike, na hapo kwa mara ya kwanza tukawasikia watu watatu. Kwa muda ule hakuna aliyekohoa ukumbini.

Mapendekezo

Tunawaletea wasomaji istilahi zifuatazo ili wazipime:

*Besi mfululizo*: safu ya besi inayopita katika utungo mzima, aghalabu yenye tarakimu, ambayo hupigwa na ala ya sauti nene pamoja na ala inayojaza upatanifu wa sauti.

*Besi yenye tarakimu*: besi iliyoandikwa pamoja na tarakimu zinazomwonyesha mpigaji sauti za kuongeza.

*Kujaza besi*: kuzigeuza tarakimu hizo kuwa nota wakati wa kupiga.

*Filimbi ya mlalo*: filimbi inayolazwa na kupulizwa ubavuni.

*Hapsikodi*: kinanda ambacho nyuzi zake hudonolewa, tofauti na piano ambayo nyuzi zake hugongwa kwa nyundo ndogo.

Tunatahadharisha kuwa si kila sonata ya Bach yenye filimbi ina besi mfululizo. Ile ya B maina, BWV 1030, imeandikiwa mkono wa kulia wa hapsikodi kwa ukamilifu, na mkono huo hujibizana na filimbi kama sauti inayojitegemea. Hiyo yapasa kuitwa "sonata ya filimbi ya mlalo na hapsikodi", na wapigaji wawili watatosha. Mfasiri asiyezitofautisha atamfuta mtu katika ukumbi mmoja na kumwongeza asiyekuwapo katika ukumbi mwingine.

Tumekubaliana na mfasiri yule, ambaye alitupokea kwa uungwana mkubwa, kuwa karatasi ijayo itasomeka hivi: "J. S. Bach, Sonata ya filimbi ya mlalo na besi mfululizo katika E maina, BWV 1034", na chini yake majina matatu, la mpiga filimbi, la mpigaji chelo na la mpigaji kinanda, kila moja katika mstari wake. Nakala moja tutampelekea yule mwalimu. Wasomaji walio na istilahi bora kuliko hizi, hasa walimu wa muziki na viongozi wa kwaya, tunawaomba watuandikie pamoja na sababu zao.